Seoul hadi Gyeongju na Kurudi Siku Hiyohiyo: Saa Zinakopatikana na Zinakopotelea

Wakorea wana neno dangilchigi, wanalolitumia kwa safari ya kwenda mbali na kurudi siku hiyohiyo bila kulala ugenini. Ni neno la maongezi ya kila siku, kwa sababu jambo lenyewe ni la kila siku: mtu wa Seoul huondoka alfajiri kwenda harusini Busan, karibu kilomita 400 kusini, akala karamu, akasalimia jamaa, na usiku akalala kitandani kwake. Mgeni mwenye siku tano au sita tu nchini Korea Kusini ana sababu kubwa zaidi ya kuitaka safari ya namna hiyo, kwani humwezesha kuona mji wa pili au wa tatu bila kuhama hoteli wala kuburuta masanduku. Lakini wageni wengi hupanga siku yao kwa kutazama tarakimu moja, kilomita 300 kwa saa, kisha jioni hushangaa kwamba wameona nusu tu ya waliyoyakusudia. Treni ya mwendokasi hufupisha katikati ya safari. Ncha zake mbili, yaani kutoka kitandani hadi behewani, na kutoka stesheni ya mwisho hadi mahali penyewe panapotazamwa, hubaki na urefu wake uleule, na huko ndiko siku inakopatikana au inakopotea. Nitalieleza jambo hili kwa safari moja, ya Seoul hadi Gyeongju, mji mkuu wa kale wa ufalme wa Silla, kwa kuwa sijui safari nyingine nchini humo inayoonyesha faida na mitego yote kwa pamoja kama hiyo.

Tuanze na treni yenyewe. Barabara kuu ya Seoul hadi Busan ilipokamilika mwaka 1970, Wakorea walianza kusema kwamba nchi yao imekuwa "eneo la maisha ya siku moja", yaani nchi ambayo mtu anaweza kutoka ncha moja hadi nyingine, akamaliza shughuli zake na kurudi nyumbani kabla siku haijaisha. Kwa upande wa reli, treni ya haraka kupita zote katika miaka ya 1980 ilichukua saa 4 na dakika 10 kati ya miji hiyo miwili. KTX, treni ya mwendokasi, ilianza kubeba abiria tarehe 1 Aprili 2004, na wenyewe wakabadilisha usemi wao: sasa nchi ni eneo la maisha ya nusu siku. Teknolojia ya kwanza ilitoka Ufaransa. Ziliagizwa treni 46, ambazo 12 kati yake ziliundwa Ufaransa na 34 zikaundwa Korea kwenyewe, ili mafundi wa nchi hiyo waijifunze kazi kwa kuifanya. Waliijifunza kweli. Mwaka 2010 ilianza kutembea KTX-Sancheon iliyoundwa nchini na kampuni ya Hyundai Rotem, na mwaka 2024 ikafuata KTX-Cheongryong, inayofikia kilomita 320 kwa saa. Msomaji wa Tanzania aliyekwisha kupanda treni ya Mchongoko kati ya Dar es Salaam na Dodoma amekaa ndani ya kazi ya kampuni hiyohiyo, kwani treni zile za umeme zilitoka Hyundai Rotem, ingawa reli ya SGR imejengwa kwa mwendo wa kilomita 160 kwa saa.

Fumbo la kwanza linalomsumbua mgeni ni kwamba KTX ni jina la treni, si jina la reli. Reli za zamani za Korea na reli mpya za mwendokasi zina upana mmoja, milimita 1,435, na kwa hiyo treni inaweza kuiacha njia mpya, ikaingia katika njia ya zamani, na kuendelea hadi mji ambao haujawahi kujengewa reli ya mwendokasi. Japani haikuweza kufanya hivyo kwa urahisi, kwa sababu reli zake za zamani ni nyembamba kuliko zile za Shinkansen, treni zake za mwendokasi. Kwa Wakorea huu umekuwa ukarimu mkubwa kwa miji midogo, lakini kwa anayesoma ratiba bila uzoefu ni mtego. Treni mbili zenye jina moja la KTX, zikiondoka stesheni moja na kwenda mji mmoja, zinaweza kupishana kwa zaidi ya nusu saa katika kufika. Kwenda Busan, ile ya haraka hutumia saa mbili na robo hivi, ilhali ile inayopitia Suwon au Gupo kwa njia ya zamani hukaribia au hupita saa tatu, na nauli yake huwa ndogo kidogo kwa sababu hiyo. Tena treni ya Gupo haifiki Gyeongju kabisa. Reli mpya ilipofunguliwa mwaka 2004 iliishia Daegu. Kipande cha kutoka Daegu kupitia Gyeongju na Ulsan hadi Busan kilifunguliwa Novemba 2010, na treni isiyokipita kipande hicho hufuata bonde la zamani upande wa magharibi. Kwa hiyo katika ratiba usiangalie jina la treni. Angalia muda wa kuondoka, muda wa kufika, na orodha ya vituo.

Ratiba zote huandikwa kwa saa 24, na mzungumzaji wa Kiswahili mwenye mazoea ya kuhesabu saa kuanzia mapambazuko anapaswa kuwa mwangalifu mara mbili. Treni ya 07:30 ni ya saa moja na nusu asubuhi kwa hesabu yetu, na ya 19:10 ni ya saa moja na dakika kumi usiku. Anayezipanga saa zake akiwa amechoka, usiku wa kuamkia safari, anaweza kuchanganya hesabu hizi mbili kwa urahisi kuliko anavyodhani.

Fumbo la pili ni stesheni. Jiji la Seoul lina stesheni kadhaa za treni za mwendokasi, na kila moja ina upande wake wa nchi. Stesheni ya Seoul, ambayo jengo lake la zamani la mwaka 1925 bado limesimama pembeni likiwa ukumbi wa sanaa, ndiyo kuu kwa njia ya Daegu, Gyeongju na Busan. Yongsan, kilomita chache kusini mwake, ndiyo mahali pa kuanzia kwa anayekwenda Jeonju, Gwangju, Mokpo au Yeosu. Cheongnyangni, mashariki mwa jiji, huhudumia njia za Gangneung na Andong. Halafu kuna Suseo, kusini-mashariki, ng'ambo ya mto Han, ambako tangu Desemba 2016 huondoka treni za SRT. Hizi zilianzishwa zikiwa na mwendeshaji wake tofauti na Korail, shirika la reli la taifa, na kwa sababu hiyo zilikuwa na programu yake ya kununulia tiketi, huku pasi ya reli ambayo Korail huwauzia wageni ikiwa haitumiki ndani yake. Zinatembea juu ya reli ileile baada ya kutoka jijini, na zinapita katika handaki la Yulhyeon lenye urefu wa kilomita 50 chini ya mitaa ya Seoul na vitongoji vyake, lakini tiketi ya moja haikuwa tiketi ya nyingine.

Uchaguzi baina ya stesheni hizi haufai kufanywa kwa kutazama treni ipi ina kasi zaidi. Unafanywa kwa kutazama unakolala. Mwenye hoteli mitaa ya Gangnam hufika Suseo kwa treni ya chini ya ardhi kwa muda mfupi, lakini akijilazimisha kwenda stesheni ya Seoul atavuka mto na jiji zima saa za watu kwenda kazini. Mwenye hoteli Myeongdong au Hongdae yuko karibu zaidi na stesheni ya Seoul. Nusu saa inayookolewa hapa ina thamani sawa na nusu saa inayookolewa na treni njiani, na haikugharimu chochote.

Tiketi za KTX hufunguliwa mwezi mmoja kabla ya siku ya safari, saa moja asubuhi kwa saa za Korea. Katikati ya wiki mtu anaweza kununua siku mbili tatu kabla, au hata asubuhi yenyewe, na asipate taabu. Jumamosi asubuhi kutoka Seoul, na Jumapili jioni kurudi Seoul, ni habari nyingine: treni hujaa, na anayebahatisha huambulia tiketi ya kusimama, ambayo ni ruhusa halali ya kusafiri bila kiti, ukijishikiza kwenye nafasi iliyo kati ya mabehewa. Sikukuu za Seollal (mwaka mpya wa jadi) na Chuseok (sikukuu ya mavuno), ambapo taifa zima huelekea kwa wazee wao, tiketi huuzwa kwa utaratibu maalumu wiki kadhaa mapema, na kwa maoni yangu mgeni asipange kabisa matembezi ya treni siku hizo. Gyeongju huongeza majira yake mawili ya msongamano: mapema Aprili miti ya cheri inapochanua, na mwisho wa Oktoba hadi mwanzo wa Novemba majani yanapokuwa mekundu milimani.

Nauli ya kawaida kutoka Seoul hadi Gyeongju ni karibu won 50,000, fedha ya Korea, kwa njia moja. Ya Busan ilikaa won 59,800 kwa zaidi ya muongo mmoja tangu mwisho wa 2011. Pasi ya wageni, hata ile ya siku mbili, inagharimu zaidi ya tiketi mbili za kwenda na kurudi Gyeongju, kwa hiyo huwa na maana kwa mwenye safari mbili ndefu, si kwa mwenye moja. Aliyenunua pasi bado anapaswa kukata nafasi ya kiti, jambo ambalo wengi hulisahau wakidhani pasi yenyewe ndiyo kiti.

Ukifika stesheni utatafuta milango ya kukagulia tiketi na hutaiona. Iliondolewa mwaka 2009. Unashuka ngazi moja kwa moja hadi jukwaani, unatafuta namba ya behewa iliyoandikwa sakafuni, na unaingia. Mkaguzi hupita akiwa na kifaa kidogo mkononi kinachomwonyesha viti vilivyouzwa hadi kituo kipi, na macho yake hutua tu kwa aliyekaa katika kiti ambacho kifaa kinasema ni kitupu. Ukiwa umekaa katika kiti chako huenda usiulizwe neno lolote kutoka Seoul hadi Gyeongju. Mgeni asije akauona utulivu huu kuwa ni uzembe: sheria inaruhusu anayekutwa bila tiketi atozwe hadi mara 30 ya nauli.

Kuna jambo moja dogo la ndani ya behewa ambalo sijaona likielezwa vya kutosha. Katika treni za kizazi cha kwanza, zile zenye mabehewa 20 na urefu wa mita 388, viti vya daraja la kawaida havizunguki. Nusu ya behewa hutazama mbele na nusu hutazama nyuma, na katikati viti vya pande mbili hukutana uso kwa uso vikiwa na meza baina yake. Anayekata tiketi bila kuangalia mchoro anaweza kusafiri saa mbili akiiona nchi ikimkimbia kwa mgongo, na mwenye kichefuchefu cha safari atajuta. KTX-Sancheon na treni zilizofuata zina viti vinavyogeuzwa. Programu ya tiketi huonyesha kila kiti kinatazama upande gani. Ni vyema kutumia sekunde hizo tano.

Treni ikiondoka, usitarajie kasi mara moja. Kwa robo saa ya kwanza inatembea taratibu juu ya reli za zamani, ikavuka daraja la mto Han, ikapita nyuma ya magorofa ya makazi yenye namba kubwa ubavuni, hadi inapoishika njia mpya kuelekea Gwangmyeong. Hapo ndipo mwendo unapopanda, na ndipo pia mandhari inapoanza kukatika vipandevipande. Karibu asilimia 70 ya ardhi ya Korea ni milima, na treni ya mwendokasi haiwezi kupinda kona kali kufuata mabonde kama reli ya mwaka 1905 ilivyofanya. Inatoboa moja kwa moja. Utaona shamba la mpunga, paa la nyumba la plastiki la kuoteshea mboga, kijito, kisha giza la handaki, kisha shamba jingine. Anayetaka kuitazama nchi kwa utulivu apande treni ya polepole siku nyingine. KTX ni chombo cha kufikia mahali.

Ndani hakuna mkahawa. Abiria hununua chakula stesheni kabla ya kupanda, mara nyingi dosirak, yaani mlo wa wali na vitoweo uliopangwa katika kisanduku, nao hula kimyakimya. Simu hupokelewa nje ya mlango, katika nafasi iliyo kati ya mabehewa. Wazee wa Korea bado husimulia stesheni ya Daejeon, ambako zamani treni za kwenda kusini-magharibi zilisimama kubadilisha kichwa, na abiria wakashuka mbio kununua bakuli la tambi za moto jukwaani, wakazimeza wakiwa wamesimama, na kukimbilia mabehewa yao filimbi ikilia. Siku hizi treni husimama Daejeon kwa muda mfupi sana usiotosha hata kuomba kijiko.

Baada ya saa mbili hivi treni inafika Gyeongju, na hapo ndipo mtego mkubwa kuliko yote ulipo. Unatoka nje ya jengo kubwa la vioo na kuona maegesho, vituo vya mabasi, mashamba na vilima. Mji hauonekani. Stesheni iko Geoncheon, kilomita kumi hivi magharibi mwa katikati ya mji, na hekalu maarufu la Bulguksa liko upande wa pili kabisa, mashariki. Aliyewahi kushuka Miritini akidhani amefika Mombasa anaijua hali hiyo vizuri.

Sababu yake ni ya heshima, na nadhani anayeijua hatalalamika. Reli ilipopangwa miaka ya 1990, njia ya awali ilikusudiwa kupita karibu na katikati ya mji. Lakini Gyeongju ilikuwa makao ya wafalme wa Silla kuanzia mwaka 57 kabla ya Kristo, kwa mujibu wa masimulizi ya jadi, hadi mwaka 935, na ardhi yake yote imejaa mabaki: ukichimba msingi wa duka unakuta vigae vya hekalu. Wanahistoria na walinzi wa mambo ya kale walipinga, mabishano yakawa marefu, na hatimaye njia ikasogezwa hadi nje ya mji. Stesheni iliyojengwa huko iliitwa Singyeongju, yaani Gyeongju Mpya. Ile ya zamani iliyokuwa katikati ya mji ilifungwa Desemba 2021, na miaka miwili baadaye hii mpya ikapewa jina la Gyeongju peke yake. Vitabu vya zamani vya wasafiri bado vinaeleza stesheni mbili, na msomaji wake hujikuta anatafuta treni ya kwenda mahali ambapo treni hazifiki tena.

Basi la mji kutoka stesheni hadi eneo la makaburi ya wafalme huchukua nusu saa hivi. Hadi Bulguksa ni takribani saa nzima, kutegemea foleni na vituo. Watu watatu au wanne wakichangia teksi hadi Bulguksa wataokoa muda ambao ni sehemu kubwa ya asubuhi yao, na hapa ndipo ningependekeza mtu atumie fedha alizozibana kwingine. Kwa ramani, Wakorea hutumia Naver Map na KakaoMap, ambazo zina lugha ya Kiingereza. Google Maps imekuwa dhaifu nchini humo kwa miaka mingi katika kuelekeza njia za miguu na magari, kwa sababu serikali ilizuia takwimu za kina za ramani zisipelekwe nje ya nchi.

Kwa kuwa mabaki ya Silla yako makundi mawili, moja milimani mashariki na jingine katikati ya mji, mpangilio wa siku unakuwa wazi: anza na la mbali ukiwa na nguvu, kisha rudi karibu, ambako kila kitu kinafikiwa kwa miguu na baadhi yake hupendeza zaidi usiku. Anayefanya kinyume chake hujikuta mlimani saa kumi na moja jioni, hekalu likikaribia kufungwa.

Bulguksa ilianza kujengwa mwaka 751 chini ya waziri Kim Daeseong. Majengo ya mbao unayoyaona si yale ya awali, kwani hekalu lilichomwa mwaka 1593 wakati wa uvamizi wa Japani na likajengwa upya kwa awamu, kazi kubwa ya mwisho ikifanyika kati ya 1969 na 1973. Kilichobaki tangu karne ya nane ni mawe: ngazi mbili kuu za mbele, kuta za msingi, na minara miwili uani. Usiipite minara hiyo haraka. Wa magharibi, Seokgatap, una tabaka tatu zilizonyooka bila pambo. Wa mashariki, Dabotap, una ngazi, nguzo, vizuizi na paa zilizochongwa katika itale kana kwamba ni mbao. Iliwekwa miwili kusudi, uani pamoja, ili jicho liende na kurudi baina ya utulivu na wingi. Dabotap ndio uliochorwa kwenye sarafu ya won 10, na vibanda vya mjini huuza mkate wa jibini wenye umbo la sarafu hiyo. Ndani ya Seokgatap, mafundi walipoufungua mwaka 1966, ilikutwa karatasi ya maandiko ya Kibudha iliyochapwa kwa ubao wa kuchonga, miongoni mwa machapisho ya zamani kuliko yote yanayojulikana duniani. Tangu Mei 2023 hakuna kiingilio hekaluni.

Juu zaidi mlimani kuna pango la Seokguram, lenye sanamu ya Buddha ya itale inayotazama bahari ya mashariki, iliyotambuliwa na UNESCO pamoja na Bulguksa mwaka 1995. Ni kazi bora kabisa ya Silla, nami nasema kwa uchungu kwamba kwa safari ya siku moja ni afadhali uiache, isipokuwa kama una gari. Basi la kupanda huko hupita kwa nadra, na sanamu hutazamwa kutoka nyuma ya kioo kwa dakika chache, ili kuilinda na unyevu. Saa mbili zitakazokwenda huko ndizo saa za makumbusho na makaburi.

Makumbusho ya Taifa ya Gyeongju iko kusini kidogo ya katikati ya mji, na nje, chini ya banda, imening'inia kengele ya mfalme Seongdeok. Ilikamilika mwaka 771. Ina uzito wa karibu tani 19 na urefu unaopita mara mbili kimo cha mtu wa kawaida. Ukiisogelea utaona ubavuni malaika wanaoruka wamepiga magoti juu ya ua la yungiyungi, vitambaa vyao vikipanda juu kama moshi, na mstari wa chapa ulivyo laini hata leo. Juu yake kuna joka na bomba fupi lenye tundu, jambo ambalo ni alama ya kengele za Korea. Haipigwi tena mara kwa mara, ili isipasuke; hupigwa sauti yake iliyorekodiwa. Masimulizi ya watu husema kwamba kengele ilikataa kulia hadi mtoto alipotolewa kafara katika shaba iliyoyeyushwa, na kwamba sauti yake humwita mama. Wakorea wote wanaijua hadithi hiyo, na utawaona wazazi wakiwasimulia watoto wao papo hapo, kwa sauti ya chini.

Kutoka hapo unatembea. Cheomseongdae, mnara wa mawe wa karne ya saba wenye kimo cha mita tisa hivi, unaosadikiwa kuwa ulitumika kutazamia nyota tangu enzi za malkia Seondeok, umesimama peke yake uwanjani. Mbele yake kuna Daereungwon, bustani ya makaburi ya wafalme: vilima vya kijani vya mviringo, vikubwa kama nyumba za ghorofa, katikati ya mji ambao watu wake wanapita kwa baiskeli wakienda sokoni. Lililo kubwa zaidi, Hwangnamdaechong, ni makaburi mawili yaliyounganishwa, yenye urefu wa mita 120 na kimo cha mita 23. Watu huuliza kwa nini dhahabu ya Silla imesalimika wakati makaburi mengi ya falme jirani yaliibiwa. Jibu liko katika ujenzi: maiti iliwekwa katika chumba cha mbao, juu yake yakarundikwa mawe ya mtoni kwa maelfu, kisha udongo. Mbao zilipooza mawe yaliporomoka, yakajaza chumba. Hakukuwa na mlango wa kuvunja wala njia ya kupita, na mwizi aliyechimba upande mmoja aliangukiwa na mawe kutoka juu. Ndiyo maana Cheonmachong lilipofunguliwa na wanaakiolojia mwaka 1973 lilitoa zaidi ya vitu 11,000, pamoja na taji la dhahabu na mchoro wa farasi mweupe juu ya gamba la mti. Hilo ndilo kaburi ambalo mgeni huingia ndani yake, akauona mpangilio wa mawe yenyewe.

Si lazima siku iwe ya Gyeongju. Anayetaka bahari bila mahangaiko aende Gangneung, saa mbili kutoka stesheni ya Seoul kwa won 27,600, kwa reli iliyofunguliwa Desemba 2017 kwa ajili ya Olimpiki ya majira ya baridi. Stesheni yake iko mjini, na ndiyo safari rahisi kuliko zote kwa mara ya kwanza. Busan pia stesheni iko katikati ya mji, karibu na soko la samaki la Jagalchi, lakini jiji lenyewe ni refu kando ya bahari, na mwenye siku moja achague upande mmoja tu. Jeonju ni ya wapenda chakula.

Kiti cha kurudi kinunuliwe pamoja na cha kwenda. Programu huruhusu kuibadilisha tiketi mchana iwapo mambo yamechelewa, au kuirudisha kwa makato yanayoongezeka kadiri saa ya kuondoka inavyokaribia, lakini treni za jioni zikishajaa hakuna cha kubadilisha. Hesabu muda wa kurudi kuanzia mwisho: treni za chini ya ardhi za Seoul huacha kutembea karibu na saa sita usiku, kwa hiyo KTX inayoingia Seoul baada ya hapo hukuacha mikononi mwa teksi. Toa saa mbili na robo za njiani, toa nusu saa ya kutoka mjini hadi stesheni ya Gyeongju, toa tena robo saa ya tahadhari kwa kuwa mabasi ya usiku hupungua, na utapata kwamba unapaswa kuondoka mjini mnamo saa mbili na nusu au saa tatu usiku.

Saa hizo za mwisho ni za Wolji, ziwa lililochimbwa mwaka 674 kando ya kasri la mrithi wa ufalme. Lilipokaushwa na kuchimbuliwa mwaka 1975, topeni zilikutwa maelfu ya vitu vilivyodondoka au kutupwa wakati wa karamu, kikiwemo kete ya mbao ya pande 14, iliyoandikwa kila upande adhabu ya aliyeirusha: anywe vikombe vitatu mfululizo, acheze bila muziki, aimbe. Kete yenyewe iliungua kwa bahati mbaya wakati wa kuikausha. Inayoonyeshwa ni nakala. Taa huwashwa jua likishatua, na mabanda matatu ya ufukweni huonekana mara mbili, juu na ndani ya maji. Ufuko wa ziwa umepindapinda kwa makusudi, hivi kwamba hakuna mahali mtu anaposimama akaliona lote. Inampasa alizunguke, na mzunguko mmoja wa polepole huchukua nusu saa. Teksi husubiri ng'ambo ya barabara, karibu na maegesho.